Almasi Aliyebaki Habeshi

Nyinyi vijana mkija kwangu na kamera zenu mpya, swali la kwanza huwa ni moja tu: "Mama Zuhura, enzi zenu mlikuwa mkitumia kamera gani?" Nami huwajibu kwamba nilikuwa natumia Momanyi. Mnacheka, mnadhani natania. Kamera za filamu zilikuja zikaondoka, za kanda zikaja zikaondoka, na sasa mnapiga picha kwa simu ileile mnayoagizia chipsi. Momanyi wa Kiogoro, mpiga picha wangu, ndiye ambaye hakubadilika, mpaka miguu ilipoanza kumkataa. Alikuwa amenizidi umri na ujuzi, na kazi yote ninayoijua ya kumtazama mtu kupitia kioo alinifunza yeye, mara nyingine kwa upole, mara nyingi kwa kunifokea.

Mnauliza pia kwa nini mwanamke wa Kiislamu wa mjini Kisii alimaliza ujana wake akiwafuata wazee waliopigana vita vya Mwingereza. Laumuni duka la baba yangu. Baba alikuwa na duka la vitambaa na cherehani mbili barazani, na nikitoka shule nilikuwa nashika futi ya kupimia. Kulikuwa na wazee fulani, mmoja kutoka Kebirigo, mwingine sijui kutoka wapi, ambao hawakununua kitambaa kingine ila kaki. Mzee mwingine ukimpima anajikunja, anacheka, anasema unamtekenya. Hawa wa kaki ukiwagusa bega tu wanasimama wima kama mlingoti, kidevu juu, mpaka umalize. Nikamuuliza baba kwa nini. Akasema, "Hao walikuwa jeshini." Basi. Hakuongeza, nami sikupata wa kuniongezea mpaka nilipokua nikaenda kutafuta mwenyewe.

Momanyi alikuwa na kanuni zake na aliziita sheria. Mzee akikaa kwenye kigoda, wewe kaa chini yake, kwa sababu mtu hasimulii makubwa kwa mtu anayemwinamia. Fanya kazi asubuhi, maana huku kwetu mchana ukigeuka mvua inakuja, na mvua ikishapiga mabati hata ungemhoji malaika hutasikia alichosema. Ukikaribishwa chakula, kula kwanza, kamera baadaye. Na usimuulize askari alijisikiaje vitani. Muulize alilala juu ya nini. Muulize viatu vilimtosha? Hayo mengine yatakuja yenyewe yakitaka.

Sheria ya kutafsiri niliiongeza mimi, baada ya aibu iliyotupata Nairobi. Mzee mmoja wa Nyamira alituambia kwa Ekegusii kwamba siku aliyoandikwa jeshi, "baba" alikuwa na mimba na alilia sana. Sasa, nyinyi mliozaliwa huku mnajua kwamba katika Ekegusii "baba" ni mama, na baba ndiye "tata". Kijana aliyetuandikia maneno ya chini ya picha kule Nairobi hakujua. Filamu ikaonyeshwa mbele ya wakubwa, na chini ya uso wa mzee yule mwenye huzuni pakaandikwa: "Baba yangu alikuwa na mimba." Ukumbi ulicheka mpaka Momanyi akatoka nje kuvuta hewa. Tangu hapo sikuruhusu neno lolote lipite bila kusomwa na mtu wa nyumbani.

Lakini leo nataka kuwasimulia habari ya Mzee Ombati wa Nyansiongo, kwa sababu kwake ndiko nilikojifunza kazi hii ni kazi ya namna gani.

Siku hizo tulikuwa tunatengeneza filamu kuhusu watu wa kwetu waliopelekwa Habeshi kupigana na Waitaliano. Tulikuwa na ramani, tulikuwa na picha za zamani, tulikuwa na bwana mmoja msomi wa kueleza mambo kwa Kiingereza. Tulichokosa ni mtu. Wale tuliowapata walikuwa wamekwenda kwingine, na mmoja aliyedai alifika Habeshi tulipomuuliza maswali mawili tukagundua alifika Nakuru. Nikiwa sokoni Kebirigo nikakutana na mwalimu mmoja wa kike, Moraa, aliyekuwa ameolewa Nyansiongo. Akaniambia, "Baba mkwe wangu alikuwa huko. Lakini sisi hajatuambia hata neno. Ukimuuliza habari za vita anakwambia ng'ombe hawajanyweshwa."

"Na akishawanywesha?"

"Anakwambia wanataka kukamuliwa."

Tukaenda. Nyansiongo mnaijua: mashamba mapana yaliyokuwa ya wazungu, chai imelala kama zulia, mahindi, ng'ombe wa maziwa wenye matiti makubwa kuliko ndoo, na baridi ya asubuhi ya kuziba kioo cha kamera kwa ukungu. Mzee Ombati alikuwa mrefu, mkavu, amevaa koti la mvua ingawa mvua haikuwepo. Mke wake, Nyanya Kwamboka, alikuwa mfupi, mchangamfu, mwenye macho ya kukupima. Alitupa uji, akaketi mlangoni na ungo wa maharagwe, akawa anaambua na kusikiliza.

Kwa kuwa Ekegusii changu ni cha nyanya yangu na cha sokoni, kizuri kwa kusalimia, kukataa bei na kugombana, Momanyi ndiye aliyeuliza maswali huku akishika kamera. Aliuliza kwa lugha ya nyumbani, kwa heshima zote.

"Mlikwenda vipi Habeshi, Mzee?"

"Tulikwenda."

"Mkafanya nini huko?"

"Tulipigana. Tukarudi."

"Mlikula nini?"

"Chakula."

"Mlilala wapi?"

"Chini."

Ilikuwa hivyo mpaka uji ukapoa na mawingu yakaanza kukusanyika upande wa Sotik. Momanyi akanitazama kwa lile jicho lake la kusema tumepoteza petroli bure. Nikaanza kukunja nyaya. Hata hivyo, kabla ya kufunga kabisa nilitaka kurekodi ukimya wa chumba kile. Hilo nalo lishikeni: kila chumba kina ukimya wake, na usipouchukua, siku ya kukata na kuunga filamu utaulilia. Maikrofoni ilikuwa inakwaruza, nikaisogeza mdomoni kuijaribu, nikasema kwa Kiswahili, kama tunavyosema sisi:

"Moja. Mbili. Tatu."

"NNE!"

Nusura niiangushe. Mzee Ombati alikuwa amesimama. Visigino vimekutana, mikono imebana mapajani, kidevu kiko juu, na macho yanatazama kitu kilichokuwa mbali sana nyuma yangu. Nyanya Kwamboka aliacha kuambua maharagwe.

Nikamuuliza polepole, kwa Kiswahili, "Wewe ndiye uliyekuwa nambari nne, Mzee?"

"Nne, mstari ya nyuma, bibi," akasema. "Tatu alikuwa Mkamba. Tano alikuwa mtu ya Kavirondo, huko ziwani, mrefu, alikuwa naimba sana. Mimi nilikuwa katikati yao kutoka hapa mpaka huko mpaka kurudi."

Maneno yakafunguka. Kwa muda mfupi uliobaki kabla ya mvua alitupa mengi kuliko wazee wote tuliokwisha kuwahoji: kambi, sindano, meli ndogo, viatu vilivyobana vidole vikamfanya atembee navyo shingoni. Sauti yenyewe ilibadilika, ikawa ya kijana. Kisha mabati yakaanza kupiga kelele na Momanyi akazima kamera.

Njiani tukirudi mjini Momanyi akacheka peke yake, akasema, "Mimi Mkisii nimemuuliza Mkisii mwenzangu kwa Ekegusii, akaninyima. Wewe wa mjini umehesabu tatu tu, amekupa vita vizima."

Nilifikiri jambo hilo usiku na bado nalifikiri. Mzee yule alichukuliwa kijijini hajui Kiswahili. Alijifunza kambini, akapigana nacho, akatukanwa nacho, akacheka na rafiki zake kwacho. Siku aliporudisha sare, akarudisha na lugha. Nyumbani hakuwa na mtu wa kusema naye maneno hayo, na kwa maneno ya nyumbani vita havikuwa na mahali pa kukaa. Kwa hiyo vijana, mkitaka jambo kwa mtu, uliza kwanza lilimpata katika lugha gani.

Tulirudi kesho yake mapema. Nyanya Kwamboka alikuwa ananisubiri mimi, si Momanyi. Alikuwa ameshika jogoo miguu.

"Moraa ameniambia nyinyi hamli mpaka mmechinja wenyewe," akasema. "Hapa mwanamume Mwislamu hakuna. Utaweza?"

Nikasema nitaweza. Tukazunguka nyuma ya jiko, akanipa kisu, nikaelekea kibla, nikafanya. Yeye ndiye aliyemshika jogoo, na alipoona ametulia hakuondoka. Alichungulia kwenye kona kuhakikisha hakuna mtu, akanisemesha kwa Ekegusii, taratibu, akichagua maneno mepesi ili nimfuate.

"Wewe si wa hapa."

"Nyanya yangu alikuwa wa Kiogoro, Mama."

"Lakini hukai hapa. Neno likiingia kwako linaondoka nawe kwenda Kisii. Halizunguki kijijini."

Nikasema ni kweli.

"Mzee ana mwanamke Habeshi," akasema.

Nikabaki na kisu mkononi.

"Tangu anioe, akilala humwita. Almasi. Almasi, rudi. Almasi, rudi. Kiswahili sikijui, lakini 'rudi' naijua, hata mbwa huambiwa. Wanawake wa huko ni wazuri, nimewaona kwenye kalenda." Akaanza kunyonyoa manyoya kabla hata maji hayajachemka. "Nilimuuliza mara moja tukiwa vijana. Alitoka nje, akakaa na ng'ombe mpaka chakula kikapoa. Sikurudia tena."

"Na Mwalimu Moraa? Yeye anajua Kiswahili."

"Moraa ni mke wa mwanangu! Nitamwambia nini, muulize baba mkwe wako habari za mwanamke?" Akatikisa kichwa. "Wewe muulize. Mimi sitaki ugomvi. Nimezaa, nimezika, nimeona wajukuu. Nataka kujua kama kuna mtoto. Kama yupo, ni wa boma hili na ana haki ya shamba. Nimeona mazishi, mwili haujashuka kaburini na mtu asiyejulikana anasimama kusema naye ni mwana. Sitaki mtoto wa mtu aje kusimama hivyo kwangu. Nataka nimjue ningali na nguvu za kumpikia."

Jamani. Nimewahoji maofisa, nimewahoji waliopoteza mikono, lakini sijawahi kupewa kazi nzito kama ile niliyopewa nyuma ya jiko na mwanamke aliyekuwa ananyonyoa kuku. Niliogopa mambo mawili. La kwanza, kwamba mwanamke huyo yupo kweli na mimi ndiye nitakayemtoa hadharani, mbele ya kamera, mke akiwa mlangoni. La pili, kwamba nikiuliza mzee atakwenda kukaa na ng'ombe, na filamu yetu itakwenda kukaa nao.

Tulikula kwanza, kwa sheria ya Momanyi. Ugali wa wimbi, mchuzi, na chinsaga, ile mboga chungu tamu. Kisha nikaketi kwenye mkeka, chini ya kigoda cha Mzee, na Nyanya Kwamboka akaketi mlangoni na ungo wake. Sikuwa nimemwambia Momanyi lolote. Nilianza na viatu, nikaja kwenye mvua, nikaja kwenye milima, na Mzee akawa anatembea nami hatua kwa hatua katika Kiswahili chake cha kambini. Nilipoona amekolea nikauliza:

"Mzee, Almasi ni nani?"

Ungo ulinyamaza. Jina hilo Nyanya hakuhitaji kutafsiriwa.

Mzee Ombati alinitazama. "Nani nakwambia hiyo jina?"

"Nimelisikia tu."

Nje lori la majani chai lilipita likinguruma kwenye gia ya chini, na kwa kawaida ningeomba tusubiri lipite. Sikuthubutu.

"Almasi alikuwa mzuri," akasema Mzee.

"Anasema nini?" Nyanya akauliza kutoka mlangoni.

Nikamwambia, "Anasema alikuwa mzuri."

"Nilijua," akasema Nyanya.

"Macho makubwa," Mzee akaendelea, na uso wake ukalainika. "Shingo ndefu. Alikuwa napenda mimi peke yangu. Mtu mwingine akimgusa, anakasirika. Koplo alimshika siku moja, akamuuma hapa." Akaonyesha bega. "Mimi akiniona asubuhi anafurahi, anakuja kuweka kichwa kwangu, hivi. Nilikuwa namchana nywele."

"Anasema nini?"

"Ninasubiri amalize, Mama," nikasema, na jasho lilikuwa linanitoka katika baridi ile ya Nyansiongo.

"Kabla ya kula mimi, nampa kula yeye. Nikimaliza kumchana, nainua mguu yake moja moja, nasafisha kwato."

Nilikuwa nimeshaanza kuandaa Ekegusii cha kumwambia Nyanya kwamba mume wake alimpenda sana mwanamke yule. Nikasimama katikati ya sentensi.

"Unasafisha nini, Mzee?"

"Kwato, bibi. Mawe ikiingia kwa kwato anachechemea. Nyumbu ikichechemea, risasi haifiki, chakula haifiki."

"Nyumbu?"

"Nyumbu ya Serikali."

Momanyi akasahau kwamba mwenye kamera hasemi. "Mzee, nyumbu wale wa Mara? Wenye ndevu?"

Mzee alimtazama kwa huruma. "Huyo ya Mara nani anaweza kufunga mzigo? Nyumbu, kijana! Mama yake farasi, baba yake punda!"

Sasa mlioketi hapa mnaona jinsi Kiswahili chetu kilivyotuchezea. Alikuwa mzuri, alinipenda, alikasirika: maneno hayo mtu na mnyama wanayavaa sawasawa, hakuna kitu cha kukuonya. Na yeye hakuwa anaficha kitu. Kwake hapakuwa na haja ya kusema Almasi ni nyumbu, kama vile mimi nisivyo na haja ya kusema Momanyi ni mtu.

Akatusimulia yote. Alipewa nyumbu yule mdogo mweusi, na jina alipewa na wanawake wa sokoni katika mji mmoja wa Habeshi waliomwona akimchana. Siku moja ya mvua walifika kwenye daraja la magogo na Almasi akagoma. Akavutwa, akatukanwa, koplo akamchapa, akakaa chini katikati ya njia na mizigo yake, na msafara mzima ukasimama nyuma yake ukilaani. Wakiwa wanalaani hivyo, maji yakashuka kutoka mlimani na kulibeba daraja mbele ya macho yao, likiwa tupu. Jioni ile, Mzee alisema, koplo mwenyewe alimletea Almasi nusu ya mkate wake, na Almasi akaukubali, kisha akamuuma.

Vita vilipokwisha upande ule wakaambiwa nyumbu watabaki. Mzee akamtafutia Almasi mama mmoja mjane aliyekuwa akilima mlimani, mwanamke mpole asiyeshika fimbo. Akamkabidhi, akapanda lori. Lori likaondoka. Almasi akakata kamba na kulifuata.

"Nilikuwa nasimama nyuma ya lori," Mzee akasema. "Nampigia kelele: Almasi, rudi! Almasi, rudi! Rudi kwa mama, huku hakuna kwako! Yeye nakuja tu. Nakuja, nakuja, mpaka kona."

Akafuta macho kwa mkono wa koti.

Nami nikaelewa. Maisha yote mama yule alikuwa akisikia mume wake akimwita mwanamke arudi kwake. Kumbe alikuwa akimwambia nyumbu arudi alikotoka. Neno ni lile lile.

"Sasa amemaliza," akasema Nyanya Kwamboka. Sauti yake ilikuwa tulivu kama ya mtu aliyekwisha kujifunga mkanda. "Niambie. Yupo mtoto?"

Niligeuka kumkabili, na hapo Ekegusii changu kikanikimbia. Nyumbu kwa lugha ya nyanya yangu sikuwahi kumsikia, maana nani aliwahi kumleta Kiogoro? Nikachukua neno la karibu.

"Mama, Almasi ni *etigere*."

Punda.

"Etigere?" akasema Nyanya.

"Ndiyo, Mama. Alibeba mizigo. Walipoachana, alimfuata. Yeye alikuwa anamwambia arudi kwake, asimfuate."

"Etigere mwenye miguu minne?"

"Minne."

Akamtazama Momanyi, kama anayetafuta shahidi wa Kikisii halisi. Momanyi akaitikia kwa kichwa, midomo ameibana kicheko kisimtoroke. Nyanya akaweka ungo chini, akashika leso yake mdomoni, akainuka na kutoka. Tukamsikia akizunguka kwenda nyuma ya jiko. Mzee Ombati alituuliza kwa wasiwasi, "Amekasirika nini?"

Kisha tukamsikia. Mwanzo nilidhani analia. Kicheko kilianza chini chini, kikapanda, kikakatika, kikaanza upya, mpaka kuku waliobaki wakatawanyika wakipiga kelele. Mwishowe akarudi, machozi yanamtiririka, akasimama mbele ya mume wake, mikono kiunoni.

"Ombati! Miaka yote hii nimeshindana na punda?" Momanyi alinitafsiria haya baadaye, nikiwa nimeyakosa mengine kwa kasi yake. "Nikakupikia vizuri usikimbilie Habeshi! Nikavaa vitambaa vya rangi! Nikakataa kunenepa! Kwa ajili ya punda!"

Mzee alimtazama, hakuelewa, kisha akaelewa. Sijawahi kuona uso wa mtu mzima ukishangaa hivyo. "Wewe ulidhani ni mtu?" akauliza.

Nyanya hakurudi mlangoni. Alivuta kigoda akakiweka ubavuni mwa mumewe, jambo ambalo kwa heshima za kwao hakulifanya mbele ya wageni, akakaa, akapangusa macho.

"Alikuwa wa rangi gani?" akamuuliza.

Mzee akamjibu, na kwa mara ya kwanza alijibu kwa Ekegusii. Alianza akitafuta maneno, akisimama, akichora kwa mikono urefu wa masikio. Nyanya akauliza lingine. Naye akajibu. Momanyi aliniashiria kama anitafsirie, nikakataa kwa kidole. Muda mfupi baadaye kanda ikafika mwisho wake, nikasikia ule mlio mdogo wa kamera kujizima. Zilikuwepo nyingine mbili kwenye begi. Momanyi aliniangalia, nami nikamwangalia, na hakuna aliyefungua begi. Tulichukua vikombe vyetu tukatoka kutazama ng'ombe.

Kabla ya kuondoka nilimuuliza Nyanya kama naruhusiwa kuonyesha watu yale yote. Akasema, "Onyesha. Wacheke, nami nimecheka. Ila toa pale nilipofunga kichwani kile kitambaa kilichochakaa." Nikamtolea. Hata leo filamu ile inaruka kidogo hapo, na wataalamu hunikosoa, na mimi hunyamaza.

Tuliionyesha kwanza Nyansiongo kabla ya mahali pengine popote. Ilikuwa Jumapili alasiri, kwa kuwa Jumamosi wengi wa huko, Wasabato, wako kanisani kutwa. Walitupa ukumbi wa kanisa, tukaziba madirisha kwa mablanketi, tukatundika shuka, na jenereta tukaificha mbali nyuma ya migomba. Ukumbi ulijaa mpaka watoto wakakaa juu ya meza ya mbele. Mzee Ombati na Nyanya Kwamboka walikaa mstari wa kwanza, yeye amevaa koti lake la mvua, Nyanya kitambaa kipya. Mwalimu Moraa alikuwa nyuma yao, na Mzee aliposimulia Almasi alivyomuuma koplo, mwalimu alipiga kelele za furaha kuliko wanafunzi wake.

Karibu na mwisho kuna mahali ambapo Mzee anasimama shambani, kati ya mistari ya chai, na kutuonyesha jinsi walivyoamrishwa. Kwenye shuka ile kubwa akavuta kifua, akapaza sauti:

"Mguu sawa!"

Nyuma ya ukumbi benchi likalia. Nikageuka. Mzee mmoja aliyekuwa akiuza ugoro sokoni, mtu ambaye kila mmoja alimjua na hakuna aliyemuuliza kitu, alikuwa amesimama wima, kidevu juu. Upande wa pili akainuka mwingine, fimbo yake ikaanguka chini na hakuiokota. Na karibu na dirisha wa tatu, akisaidiwa na ukuta. Mwanawe, mtu mzima mwenye mvi zake, alikuwa anamvuta shati: "Tata, kaa. Tata, nini?" Halafu akaacha kumvuta. Akamwangalia usoni, akasema taratibu, "Tata, hata wewe?"

Filamu iliendelea kuzungumza peke yake, hakuna aliyeitazama. Wazee wale watatu hawakuketi. Hawakuweza, hakuna aliyewaruhusu. Ndipo Mzee Ombati akainuka kutoka mstari wa kwanza, akawageukia, akawatazama mmoja mmoja, na kwa sauti ya chini kabisa akasema:

"Mguu pande."

Mabega yakashuka. Mmoja alianza kucheka, mwingine kulia, na Mzee Ombati akawa anapita kati ya mabenchi kuwaendea, mikono ameitanua, akiwasemesha kwa Kiswahili. Momanyi alikuwa ameshatoka mbio kwenda garini kuleta kamera.

Nyanya Kwamboka naye alisimama. Hakuwatazama wazee. Alitafuta kwa macho wake zao katika ukumbi, akawaona, mmoja huku, mwingine kule, wameshika midomo. Akawaambia kwa Ekegusii, kwa sauti ya kusikika na kila mtu:

"Haya, wenzangu. Sasa ni zamu yenu. Waulizeni!"